Ndege Ilipopita Mobeni: Sauti Katika Filamu Zetu



Mobeni ni jina la Kizulu. Umoba ni muwa, na Mobeni ni mahali penye miwa. Wenzetu wa kutoka Kisumu hawahitaji kamusi hapo, maana kwao kuna Miwani, mahali palipojulikana kwa kiwanda cha sukari, na ukiyaweka majina hayo mawili pamoja unaona ni neno moja lililotembea mbali. Miwa ya Mobeni ilikwisha zamani. Katikati ya karne ya 20 mashamba yaligeuka kuwa eneo la viwanda, na leo ukipita barabara ya South Coast unakutana na maghala, karakana, na malori yanayotoka bandarini na makontena. Upande wa juu ni Mobeni Heights, makazi ya watu yanayopakana na Chatsworth. Wengi wetu tuliotoka Afrika Mashariki tulipitia huku kwa namna moja au nyingine, wengine kwa kazi za viwandani, wengine kwa kupanga chumba.

Kwa fundi wa sauti wa filamu, Mobeni ni mahali pabaya. Malori hayalali. Zamani hali ilikuwa mbaya zaidi, kwa sababu uwanja wa ndege wa Durban ulikuwa jirani tu, upande wa kusini, na ndege zilishuka na kupaa juu ya mapaa ya watu wa kusini mwa jiji tangu miaka ya 1950. Watu walijifunza kuzungumza kwa vipande: unasema, unanyamaza ndege ipite, unaendelea ulipoachia. Wageni walidhani ni adabu ya kipekee ya wenyeji. Ilikuwa ni ratiba ya ndege.

Mwaka 2006 sisi wachache wa jumuiya yetu tuliamua kutengeneza filamu fupi juu ya wale wanaoitwa Wazanzibari wa Durban. Tulikuwa na kamera moja ya kanda ndogo za dijitali, maikrofoni moja ya kubana kwenye nguo, na kiburi cha kutosha. Sisi tuliosomea uhandisi ng'ambo tulijiona tunajua mambo ya sauti: tulijua kanda ile inachukua sampuli 48,000 kwa sekunde, tulijua namna ya kupima kelele kwa desibeli. Tukaenda kwa bibi mmoja aliyekuwa akikaa na binti yake Mobeni Heights. Tulimkuta amejitanda kanga, chai iko mezani. Tukamwomba atuimbie alichokuwa akiimbiwa na mama yake.

Akaanza kuimba kwa Kimakua, taratibu, macho yameelekea dirishani. Kabla hajafika mwisho ndege ikapita. Mmoja wetu akainua mkono. "Bibi, samahani, tunaomba urudie." Akacheka, akatuambia ndege zimezoea kumkata maneno tangu alipohamia huku. Kisha akarudia. Lakini aliporudia, hakurudia kwa Kimakua. Alidhani tumemsimamisha kwa sababu hatukumwelewa, kwa hiyo akatusaidia: akasema maneno yale kwa Kizulu, bila kuimba, neno moja moja, kama mtu anayewafundisha watoto.

Sisi tukafurahi. Sauti ilikuwa safi. Filamu ikatoka, dakika 22, tukaionesha ukumbini na watu wakapiga makofi. Ile kanda ya awali tuliitumia tena kurekodi harusi mwezi uliofuata, maana kanda zilikuwa ghali na hatukuona sababu ya kuhifadhi wimbo uliofunikwa na ndege. Bibi alifariki mwaka 2008. Baadaye mjukuu wake alitujia na swali moja tu: "Ule wimbo alioimba kwanza, mnao?"

Makala hii ni jaribio la kulijibu swali hilo. Jibu fupi ni kwamba hatunao. Jibu refu linahusu kwa nini watu wenye elimu na nia njema walifuta sauti ya mzee ili picha yake ipendeze, na jibu hilo ni la zamani kuliko sisi.

Tuanze na watu wenyewe. Agosti 1873 watu 113 walishushwa Port Natal, ambayo ndiyo Durban ya leo. Walikuwa wametolewa kwenye majahazi ya watumwa na manowari za Kiingereza zilizokuwa zikisaka biashara hiyo katika Bahari ya Hindi. Hadi mwaka 1880 walikuwa wamefika mamia. Hawakurudishwa makwao; walipewa mikataba ya kazi katika koloni la Natal lililokuwa na njaa ya vibarua. Wengi wao walikuwa Wamakua wa kaskazini mwa Msumbiji, na wengi walikuwa Waislamu. Waliitwa Wazanzibari kwa sababu ya njia waliyopitia. Wakakaa King's Rest, kwenye kilima cha Bluff, katika ardhi iliyonunuliwa kwa ajili yao na wadhamini wa msikiti wa Juma wa mtaa wa Grey. Serikali ya ubaguzi ilipogawa watu kwa rangi na mitaa, haikujua iwaweke wapi. Ikawaandika kuwa ni "Waasia wengine", na mwanzoni mwa miaka ya 1960 ikawahamishia Chatsworth.

Tukiri kosa la kwanza hapo hapo. Sisi tulikwenda kwao tukitafuta Kiswahili chetu. Jina la Zanzibari lilitudanganya, kama lilivyowadanganya maofisa wa karne mbili. Tulikuwa tumekwisha amua tutasikia nini kabla ya kuwasha kinasa sauti. Lugha waliyoitunza wazee wale nyumbani ilikuwa Kimakua, na masikio yetu hayakuwa yameandaliwa kukipokea.

Kosa la pili ni la ufundi, na hilo lina historia yake.

Watu wengi hudhani kamera ya sinema huchukua picha na sauti kwa pamoja, kama jicho na sikio la mtu mmoja. Kwa sehemu kubwa ya historia ya filamu haikuwa hivyo. Picha ilichukuliwa na mashine moja, sauti na nyingine, kisha zikaozeshwa. Filamu ya Marekani ya The Jazz Singer ya mwaka 1927, inayotajwa sana kama mwanzo wa filamu za kusema, ilikuwa na sauti yake kwenye santuri. Fundi wa sinema aliweka sindano mahali palipotiwa alama, akaanzisha mashine mbili kwa pamoja, akaomba Mungu. Filamu ikikatika na fundi akaondoa fremu 12 ili kuiunganisha, basi kutoka hapo hadi mwisho wa santuri maneno yalichelewa nusu sekunde, kwa kuwa picha huenda fremu 24 kwa sekunde na santuri haijui kwamba kuna kilichokatwa. Mlango unafungwa, halafu ndipo unasikia kishindo.

Njia hiyo ya santuri ndiyo iliyofika kwetu. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Tanganyika, Waingereza wawili, Leslie Notcutt na Geoffrey Latham, waliendesha jaribio la kutengeneza filamu za kuwaelimisha Waafrika. Fedha zilitoka kwa shirika la Carnegie la New York. Walitengeneza filamu za milimita 16 juu ya kilimo, afya, kodi na kuweka akiba posta, wakazizungusha kwa lori Afrika Mashariki na ya Kati. Picha zilipigwa bila sauti. Maneno yalirekodiwa kando kwenye santuri, santuri moja kwa lugha hii na nyingine kwa lugha ile, ili picha moja iweze kusema Kiswahili hapa na lugha nyingine kule.

Kwa mhandisi, ule ulikuwa mpango wa busara. Picha ni ghali na santuri ni rahisi. Taabu zilikuwepo: mashine ya santuri ikikosa mwendo kwa asilimia moja tu, baada ya dakika moja sauti imeachana na picha kwa zaidi ya nusu sekunde, na barabara za wakati ule hazikuwa na huruma kwa mashine. Lakini taabu kubwa haikuwa ya mwendo. Mkulima aliyeonekana akilima hakuwa yeye anayesikika. Kinywa chake kilikuwa picha, na maneno yakawa ya mtu mwingine, yaliyoandikwa na mtu wa tatu. Mfumo wenyewe ulijengwa hivyo, kwa sababu za gharama, na ukazoeleka.

Vita vilipoanza mwaka 1939 Uingereza iliunda kitengo cha filamu kwa ajili ya makoloni, na kitengo hicho kikaachana na santuri kwa njia iliyo rahisi zaidi. Filamu zilikuja bila maneno, na ndani ya gari la sinema alisimama mtu mwenye maikrofoni akiwaeleza watu wanachokiona kwa lugha yao. Wazee wengi wa vijijini wanaikumbuka sinema hivyo: shuka jeupe, jenereta inayonguruma, na sauti ya mwenzao anayejua kuchekesha. Mtu yule aliandikiwa la kusema, lakini gizani, mbele ya mamia ya watu, hakuna ofisa aliyeweza kusimamia kila neno lake. Kwa mara ya kwanza sauti ya filamu ilikuwa mikononi mwa mtu wa pale pale.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Afrika Kusini inaingia katika hadithi hii. Kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg ilitengeneza Tanganyika filamu za hadithi za Kiswahili, zikiwa na waigizaji wa pale pale. Maarufu kati yao ni Muhogo Mchungu ya mwaka 1952, na mwigizaji wake mkuu alikuwa kijana aliyeitwa Rashidi Mfaume Kawawa. Miaka kumi baadaye, mwaka 1962, kijana huyo akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Watanzania walimjua baadaye kama Simba wa Vita, na alipofariki tarehe 31 Desemba 2009 wengi hawakukumbuka tena kwamba aliwahi kuwa nyota wa sinema. Tunalitaja hili kwa sababu moja. Katika filamu hizo Mswahili alionekana akizungumza na Mswahili mwenzake juu ya mambo ya mjini, na watu wakakaa wakamsikiliza. Hadithi ilikuwa na makusudi yake ya serikali, lakini lugha iliyosikika ilikuwa ile iliyokuwa midomoni mwa watu.

Tusidhani kwamba sauti ikishaingia ndani ya filamu yenyewe taabu inakwisha. Katika kopi ya milimita 16 yenye sauti, sauti huandikwa kama mstari mwembamba pembeni mwa picha, na hutangulia picha yake kwa fremu 26, kwa sababu kichwa kinachosoma sauti kiko mbali na taa. Maana yake ni kwamba ukikata kopi hiyo kwa mkasi ili kuondoa picha moja, unaondoa pia maneno yaliyosemwa zaidi ya sekunde moja baadaye. Unadhani umefuta hatua ya mguu, kumbe umefuta jina la mtu. Ndiyo maana wahariri wa filamu walifanya kazi na mikanda miwili tofauti, wa picha na wa sauti, wakaizungusha pamoja kwenye meza moja hadi mwisho. Kile kibao kinachogongwa mbele ya kamera kina kazi hiyo hiyo: jicho lione kibao kimefungwa katika fremu hii, sikio lisikie mgongo wa sauti hapo hapo, na mikanda miwili ikutane.

Mageuzi makubwa yalikuja na utepe wa sumaku. Stefan Kudelski, mzaliwa wa Poland aliyekuwa akiishi Uswisi, alitengeneza mwaka 1951 kinasa sauti cha kubeba begani alichokiita Nagra, neno ambalo kwa Kipolandi maana yake ni "itarekodi". Nagra III ya mwaka 1958, na maboresho yaliyofuata, yalimwezesha mtu mmoja kutoka na kinasa kinachotunza mwendo sawa na kamera, kwa alama ndogo ya umeme inayoandikwa kwenye utepe pamoja na sauti. Tangu hapo haikuwa lazima kumpeleka mkulima studio. Studio ilimfuata shambani.

Mwaka huo huo wa 1958 Mfaransa Jean Rouch alikamilisha filamu ya Moi, un Noir, iliyopigwa Treichville, Abidjan, juu ya vijana kutoka Niger waliokuja kutafuta kazi. Hakuwa na mashine ya kunasa sauti pamoja na picha. Badala ya kumwandikia mtu maneno, aliwaonesha vijana wenyewe picha zao, nao wakajisemea juu yake. Mmoja wao, Oumarou Ganda, baadaye akawa mtengenezaji filamu anayejulikana. Mfano huu unatufundisha kwamba kutenganisha sauti na picha si dhambi peke yake. Jambo la kuuliza ni nani anaitwa kuja kuziunganisha.

Hapa Afrika Kusini swali hilo lilijibiwa kwa namna ya ajabu. Televisheni ilianza rasmi Januari 1976, ikichelewa kuliko nchi nyingi za Afrika. Filamu za mfululizo kutoka ng'ambo ziliingizwa sauti za Kiafrikana, na tangu mwaka 1986 kituo cha Radio 2000 kilitangaza sauti ya asili kwa saa ile ile. Mtu aliyetaka Kiingereza alizima sauti ya televisheni na kuwasha redio pembeni. Picha moja, sebule moja, lugha mbili, kila mmoja na kisanduku chake. Ili kufanya hivyo, mafundi huhitaji maneno yawe kwenye mkondo wake na vishindo na muziki kwenye mkondo mwingine. Ukiondoa maneno, nyayo zinabaki, milango inabaki, mvua inabaki. Ni ufundi mzuri sana. Lakini tukumbuke kwamba ni ufundi wa kumtoa mtu sauti bila kuacha alama.

Kwetu Afrika Mashariki watu hawakuwa na mikondo hiyo, wakabuni yao. Jijini Dar es Salaam, Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana kama Lufufu, alijipatia jina kwa kusimulia kwa Kiswahili filamu za Kihindi, za Hong Kong na za Marekani. Alipunguza sauti ya filamu na kuweka yake juu, akieleza, akitania, akiwapa wahusika maneno ambayo mtu wa Manzese angeyasema. Kenya wana DJ Afro. Uganda wana VJ Jingo kwa Kiganda. Wasomi wengine hukunja uso, wakisema sauti ya asili imeharibiwa. Sisi tunawaona watu hawa kuwa warithi halali wa yule aliyesimama kwenye gari la sinema. Tofauti ni kwamba hawa hawaandikiwi na mtu la kusema.

Julai 2012, katika tamasha la filamu la kimataifa la Durban, ilioneshwa filamu ya Kenya ya Nairobi Half Life, iliyoongozwa na David "Tosh" Gitonga, na Joseph Wairimu akatunukiwa hapo kuwa mwigizaji bora. Kiswahili na Sheng vilisikika ukumbini kama vinavyosikika mitaani, na tafsiri ikabaki chini kwa maandishi. Hakuna aliyewavika vijana wale sauti ya mtu mwingine, na matatu na makelele ya mji yaliachwa mahali pake. Safari kutoka Vugiri hadi hapo ilichukua zaidi ya miaka 75.

Sasa turudi Mobeni. Ukiitazama historia hiyo yote unaona tulipojifunza kosa letu. Tulirithi kawaida ya kwamba picha ndiyo filamu na sauti ni nguo yake. Nguo ikichafuka inafuliwa, ikichanika inabadilishwa. Kwa kawaida hiyo wimbo wa kwanza wa Bibi ulikuwa nguo chafu. Wa pili, ule wa Kizulu usioimbwa, ulikuwa safi. Hatukuwa na chuki wala haraka. Tulifuata tu utaratibu wa kazi, tukamwondolea mtu lugha ya mama yake katika filamu ambayo shabaha yake ilikuwa ni kuihifadhi.

Kisha kuna ile kelele yenyewe. Uwanja wa ndege wa zamani ulifungwa mwaka 2010, ndege zikahamia King Shaka, kaskazini ya jiji. Kiwanda cha kusafisha mafuta kilichokuwa kikitoa mvumo wake usiku na mchana huku kusini kiliungua Desemba 2020 na hakikurudi tena katika kazi yake ya kusafisha mafuta. Mtoto aliyezaliwa Mobeni Heights baada ya hapo hajui kwa nini bibi zake husita katikati ya sentensi. Tulipofuta ndege ile tulifuta pia ushahidi wa namna watu walivyoishi chini yake. Mwanafunzi wa historia atakayetaka kujua ilikuwaje kuhamishwa kutoka kilimani Bluff na kuletwa chini ya njia ya ndege angejifunza mengi kwa kusikia wimbo wa mama ukifunikwa, hatua kwa hatua, halafu kimya, halafu mzee anacheka.

Tumejifunza mambo machache, na tunayaandika hapa kwa ajili ya vijana wetu ambao leo wana kinasa sauti mfukoni, ndani ya simu. Usimsimamishe mzee. Ndege ikipita, mwache amalize, kisha umwombe aimbe tena, na umwambie wazi kwamba tatizo lilikuwa ndege wala si lugha yake. Sogeza maikrofoni karibu, shubiri moja na nusu kutoka kinywani, maana ukipunguza umbali kwa nusu sauti yake hupanda kwa desibeli 6 na lori linabaki pale pale; hakuna programu ya kompyuta inayofanya kazi hiyo vizuri zaidi. Kabla ya kuondoka, kaeni kimya nyote kwa dakika moja na mrekodi chumba kitupu: mhariri atakihitaji kuziba mapengo, na mwanahistoria atakihitaji kwa mambo yake. Sema mwanzoni tarehe, mahali na lugha. Safisha kopi kadiri upendavyo, lakini ya kwanza usiiguse.

Wenye kanda za miaka ya 1980, 1990 na 2000 makabatini tunawaomba msingoje. Utepe wa sumaku hauzeeki vizuri katika joto na unyevu wa Durban, na mashine za kuzichezea zinazidi kuadimika. Msituletee zile nzuri tu. Tuleteeni zile zenye kelele, zilizokatika, ambazo mtu alisahau kuzima kinasa akaenda kula. Tutazinakili zote kama zilivyo na kuwarudishia.

Kuhusu mjukuu wa Bibi, tulimpa tulichonacho. Mwaka 2006, tulipohamisha kipande cha Kizulu kwenda kwenye kompyuta, mmoja wetu alikosea na kuanza kunakili sekunde chache mapema. Faili hilo bado lipo. Linaanza ndege ikiwa inakwenda zake, na chini ya mvumo wake Bibi anamalizia maneno mawili ya mwisho ya ule wimbo, kabla mkono wa mwenzetu haujamsimamisha. Wakati ule tulijitahidi sana kuuondoa mkia huo tukashindwa kuukata vizuri, tukauficha kwenye filamu chini ya muziki.

Mjukuu aliusikiliza mara nyingi, siku ile, akiwa amefumba macho. Kisha akatuomba kopi, na akasema tusiisafishe.